Tukwangala, Alisema Binti Yangu

Waliokuja kutoka Dar es Salaam kutengeneza kipindi cha makala kuhusu kambi ya watoto walitoa agizo moja tu kwa wazazi: watoto wawe kama walivyo. Wasiigize, wasifundishwe la kusema, wavae wanavyovaa siku zote. Nadhani hawakujua wametupa kazi kubwa kiasi gani.

Kambi yenyewe ni ya likizo ya Juni. Kanisa letu hukusanya watoto wa shule za msingi, wa Tukuyu mjini na wa vijijini, kwenye shule moja huko Ikuti. Madawati yanasukumwa ukutani, magodoro yanatandikwa chini, kila mtoto anakuja na ndoo yake, sahani yake na blanketi zito, maana Juni ya Rungwe haina mchezo. Akina mama tunapika kwa zamu. Watoto wanaimba, wanajifunza kufuma vikapu, wanacheza mpira kwenye ukungu hadi golikipa hamwoni mfungaji. Ni kambi ya kawaida tu, na tunaipenda.

Habari kwamba televisheni inakuja zilipoenea, vinyozi wa mjini hawakupata muda wa kula. Watoto wote wa kiume walifika Ikuti na vichwa vinavyong'aa, wakitetemeka kwa baridi. Mama mmoja wa Kisondela alimletea mwanawe koti la suti. Koti la suti, kambini, kwenye matope yale! Nilimcheka sana, nikasema wangu atakwenda na sweta lake lile lile la kila siku, kwa sababu ndivyo alivyo. Kisha nikalifua sweta hilo mara mbili na kubadilisha vifungo vyote.

Mlezi wa kambi naye alikuwa na mipango yake. Aliwapanga watoto mstari akawafundisha jibu: "Ninaipenda kambi kwa sababu inanijenga kiroho, kiakili na kimwili." Walilirudia mpaka wakalishika. Kamera ilipofika, kila aliyeulizwa swali alitoa jibu hilo. Unapenda chakula gani? Ninaipenda kambi kwa sababu inanijenga. Umelalaje? Ninaipenda kambi. Mpiga picha alianza kupiga miayo waziwazi. Mtayarishaji, dada mmoja kijana mwenye buti za mvua ambazo hazikuwahi kuona mvua, akauliza kwa upole kama hakuna mtoto yeyote Ikuti nzima anayeweza kuzungumza naye kawaida.

Mimi haya nilisimuliwa nikiwa jikoni, nyuma ya madarasa, mikono imejaa utomvu wa ndizi. Ilikuwa zamu yangu. Nilijua wamezunguka uwanjani na ile maiki yao yenye manyoya, ambayo watoto wadogo walikuwa wanaigombania kuishika wakidhani ni mnyama. Zaidi ya hapo sikuona kitu. Ila siku ya kurudi nyumbani, binti yangu, aliyekuwa darasa la nne wakati huo, aliniambia tukiwa njiani kuwa na yeye alirekodiwa.

"Walikuuliza nini?"

"Yule dada aliniuliza ninafanya nini pale."

"Ukamwambiaje?"

"Nikamwambia."

Ndivyo alivyo huyo mtoto. Maneno yake ni machache, na akishayatoa haoni sababu ya kuyarudia. Likizo zake nyingi amezimalizia Kisondela kwa mama yangu, kwenye migomba na miparachichi, na huko ndiko alikookota Kinyakyusa safi kuliko changu. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili katika shule ya msingi hapa mjini, mume wangu ni mtu wa Lindi aliyeletwa Rungwe na barua ya uhamisho, kwa hiyo nyumbani tunazungumza Kiswahili. Mume wangu amekaa nasi miaka mingi na bado analalamikia mambo mawili, mvua yetu na lugha yetu. Anasema zote mbili hazimpi mtu nafasi ya kupumua.

Jioni ya kipindi, sebule yetu ilijaa. Majirani walikuja na watoto wao. Mama yangu tulimfuata Kisondela kwa bodaboda, akaja amevaa nguo za kanisani na kilemba kipya, akakalishwa kiti cha mbele kama mgeni rasmi. Shemeji zangu wa Lindi walikuwa wamepigiwa simu tangu asubuhi, wamejipanga mbele ya televisheni yao huko. Binti yangu alikaa chini, kwenye mkeka, magoti yamekutana na kidevu.

Kipindi kilianza vizuri. Kamera inayoruka ilituonyesha mashamba ya chai kutoka juu, na hata mimi niliyezaliwa hapa nilishangaa jinsi kwetu kulivyo kuzuri. Wakaja watoto wa vichwa vinavyong'aa. Akaja yule wa koti la suti akikimbiza mpira, koti limeshakuwa la udongo, sebule ikaangua kicheko. Kisha muziki ukabadilika, ukawa wa huzuni, kinanda kimoja kimoja.

Akatokea binti yangu. Uso wake peke yake, umeijaza skrini. Nyuma yake, mbali, watoto wengine wanacheza mpira kwenye ukungu. Sauti ya yule dada ikauliza, "Na wewe unafanya nini hapa?" Binti yangu akamtazama kidogo, akajibu neno moja. Chini ya picha pakaandikwa: *Tunaangalia tu.*

Mtangazaji akasema, kwa sauti ile ya kubembeleza, kwamba hata kwenye kambi yenye furaha, si kila mtoto hupata nafasi ya kucheza. Wapo wanaobaki pembeni.

Mume wangu alisimama, akageukia dirisha kama anayetafuta kitu nje. Mama mmoja jirani alinishika bega. Nilikuwa kambini siku ile ile! Nilikuwa nikimenya ndizi hatua chache tu kutoka hapo, na mwanangu ametengwa na wenzake, na nchi nzima imemwona kabla yangu.

Ndipo mama yangu akacheka.

Alicheka kile kicheko chake cha kutikisa mabega. Kiswahili cha mama yangu hakina *r* wala *z*, hizo herufi aliziacha kwa wenyewe. Akasema, "Mbona mmenuna? Si amejibu visuli tu?"

"Mama," nikamwambia, "hujasoma walichoandika?"

"Mimi sisomi, ninasikilisa. Mtoto amesema *tukwangala*."

Hapo ndipo nilipolisikia neno, baada ya bibi yake kulitamka. Mimi, Mnyakyusa wa Kisondela, macho yangu yalikuwa yamesoma kabla masikio hayajasikia. Tukwangala! Mtoto hakusema anaangalia chochote. Alisema neno letu, neno ambalo kila Mnyakyusa amelinyonya na maziwa. Kwangala ni kukaa na wenzako bila kazi maalumu: kupiga soga, kucheka, kula mnachogawana, kufurahi kwa sababu tu mko pamoja. Wazee wanasema watu wasiokwangala ni watu wa kuogopwa, hujui wanawaza nini. Na hao wataalamu walilisikia neno hilo, wakalifananisha na *tunaangalia*, wakaona halina uzito wa kutosha, wakaongeza *tu* mwishoni.

Hiyo *tu* ndiyo iliyoniuma zaidi, niseme ukweli. Mwanangu alianza na *tu* ya watu wengi. Wao wakaongeza nyingine mwishoni, *tu* ya upweke. Miaka yote ninayosahihisha insha za watoto sijawahi kuona kosa la namna hiyo.

Nikaanza kuwaeleza watu sebuleni, majirani Wanyakyusa wakaanza kucheka mmoja mmoja, ooh, tukwangala, kweli amesema tukwangala. Lakini simu ya mume wangu ilikuwa inaita. Dada yake wa Lindi alikuwa analia. Niliisikia sauti yake kutoka nilipokaa: "Kaka, huko milimani mnamfanyia nini mtoto wetu?"

Binti yangu hakucheka wala hakulia. Alisema, "Mimi sikuwa naangalia." Akaamka kwenye mkeka akaenda chumbani.

Shuleni walimpa jina. Watoto ni watoto. Akipita kwenye kibaraza wanamwita "Tunaangalia Tu", akisimama kwenye foleni ya uji wanamwuliza kama amekuja kunywa au kuangalia tu. Hakuwahi kunishtakia. Nilijua kwa sababu mimi ni mwalimu katika shule hiyo hiyo na nina masikio. Siku moja nilipokuwa namsuka aliniambia, bila kugeuka, kwamba mwakani haendi kambini. Nikamwuliza kwa nini. Akasema, "Watanionyesha tena mtu ambaye siyo mimi."

Nina hasira za karibu, wanafunzi wangu wanalijua hilo. Nilimaliza kumsuka kwanza. Kisha nikachukua simu, nikatoka nje, nikampigia yule mtayarishaji. Namba yake nilikuwa nayo tangu alipotuomba ruhusa.

Alikuwa na adabu, sitamsingizia. Aliniita mama kila sentensi. Alisema kipindi kimependwa sana, na kwamba sehemu ya binti yangu ndiyo iliyopendwa kuliko zote, watazamaji wengi wamemwonea huruma.

"Huruma ya nini?" nikamwuliza.

"Kwa kuachwa pembeni, mama."

"Hakuachwa pembeni. Hakusema anaangalia. Alisema tukwangala." Nikamweleza neno, kwa utulivu wote niliokuwa nao, ambao haukuwa mwingi.

"Mama, mhariri wetu alisikiliza mara nyingi. Alisikia tunaangalia."

"Mhariri wenu ni mtu wa wapi?"

"Wa hapa hapa Dar."

"Haya basi, mdogo wangu. Mlikuja mkawaambia watoto wawe kama walivyo. Wengine wote waliwapa maneno ya kukariri, mkayachoka. Huyu mmoja akawa kama alivyo, kwa lugha anayochezea. Na huyo huyo ndiye mliyembadilisha."

Hakukasirika. Ningependa angekasirika, ningepata pa kushika. Alisema jambo lingine, taratibu: "Lakini mama, kwenye picha yuko peke yake. Kama alikuwa amekaa na wenzake, wenzake wako wapi?"

Nilimwambia nitampigia tena, nikakata simu. Nikasimama hapo uani na manyunyu yananiangukia. Kwa sababu alikuwa na hoja. Kwenye picha hakukuwa na mtu mwingine ila wale wa mbali kwenye ukungu. Nilipoingia ndani mume wangu alikuwa na swali hilo hilo, tena alikuwa nalo siku zote hizo bila kulitoa. "Neno nimelielewa, mama watoto," alisema. "Lakini labda alisema tu hivyo kwa kuona haya. Labda kweli walimtenga." Na mimi, niliyekuwa nikifoka kwenye simu muda mfupi uliopita, nilianza kuogopa. Mtoto mkimya, anayekulia mjini lakini likizo zake zote yuko kijijini. Ingewezekana.

Tukamwita. Alisimama mlangoni, nywele mpya, uso umefungwa.

Baba yake akamwuliza kwa upole wa watu wa Pwani, "Mwanangu, siku ile ya kamera ulikuwa na nani?"

Akatuambia majina ya wasichana watatu.

"Mlikuwa mnafanya nini nje ya uwanja?"

"Mmoja aliteguka mguu asubuhi. Hawezi kucheza. Tukasema tusimwache peke yake."

"Mkaacha mpira?"

"Ndiyo."

"Mwalimu aliwaambia?"

Akatushangaa. "Aseme nini? Si ameumia?"

Nikamwuliza kwa nini siku zote hizi hakutuambia kwamba alikuwa na wenzake.

"Nilisema," akajibu, na hapo ndipo machozi yake yalipotoka, machozi ya hasira kama yangu. "Nilimwambia yule dada mbele ya kamera. Nilisema *tukwangala*. Peke yako huwezi kwangala! Peke yako unaangalia tu."

Mimi ni mwalimu wa Kiswahili. Nimeandika maana za maneno ubaoni mpaka mkono unashika chaki wenyewe. Sijawahi kueleza neno lolote vizuri namna ile, na nilijivuna, acha nijivune. Baba yake ndiye aliyezungumza. Alimpa simu akamwambia, "Hebu rudia hivyo hivyo, umwambie yule dada."

Akarudia kwa ujumbe wa sauti kwenye WhatsApp. Alieleza mguu wa mwenzake, akaeleza neno, akamalizia na ile ya peke yako. Hakusalimia wala hakuaga, na sikumsahihisha.

Jibu halikuja siku ile wala kesho yake. Nilijiambia wametudharau. Nilishaanza kupanga maneno makali, na ya kwangu yakipangwa yanapangika. Kisha yule dada akapiga mwenyewe, jioni, nikiwa nasafisha mchicha.

"Mama," akasema, "wako wanne."

Alikuwa amerudi kwenye picha zote walizopiga siku ile, zile ambazo hazikuingia kwenye kipindi. Mpiga picha alianza na kundi lote, akasogea, akasogea, mpaka akabaki na uso mmoja kwa sababu mwanga ulikuwa mzuri na uso ule ulikuwa umetulia. Wengine aliwaacha nje. Yule dada aliniambia walivyokuwa: wamekaa kwenye nyasi nyuma ya goli, mguu ulioteguka umefungwa kanga na umelazwa kwenye mapaja ya binti yangu. Mmoja anamsuka mwenye mguu. Mwingine amepasua parachichi, anawapa wenzake kwa kijiko kimoja, kwa zamu, na chumvi kwenye karatasi. Wote wanacheka jambo ambalo maiki haikulinasa.

"Nimewatazama mpaka nimelia," akasema. "Nilitafuta mtoto mmoja wa kunipa kitu cha kweli. Alinipa, mimi nikamkata wenzake. Mama, naomba mnisamehe. Kipindi kitarudiwa Jumamosi. Niandike nini pale chini?"

Nikamwambia aandike alichosema mtoto.

Jumamosi hiyo sebule ilijaa kuliko mara ya kwanza. Mlezi wa kambi alikuja, akakaa karibu na mlango, nadhani ili aweze kutoka haraka mambo yakiharibika. Wazazi wa wale wasichana watatu walikuja na mabinti zao, mwenye mguu sasa anatembea vizuri kabisa. Mama yangu akapewa kiti kile kile. Nje kulikuwa na ukungu na mvua ile nyepesi ambayo mume wangu anasema haina sababu ya kunyesha.

Kinanda cha huzuni hakikuwepo. Ulikuja uso wa binti yangu, na swali lile, na jibu lake, na safari hii kila mtu alilisikia. Chini pakaandikwa *Tukwangala*, na chini yake, kwa herufi ndogo: *tuko pamoja, na tunafurahi kuwa pamoja.* Kisha picha ikarudi nyuma, taratibu, akatokea wa kwanza, wa pili, na wa tatu na mguu wake kwenye kanga. Mtangazaji hakusema kitu. Parachichi likazunguka na kijiko chake.

Mama yangu alipiga makofi akasema, "Ndaga fijo," akiishukuru televisheni yenyewe. Mama mwenye binti wa mguu alikuwa analia na kujifuta kwa upande wa kitenge. Simu ya Lindi iliita, na mume wangu aliipokea akasema kwa sauti ya kusikiwa na sebule nzima, "Umemwona? Huyo ni wangu." Aliisema mara mbili. Mimi sikusema, lakini nilikuwa nimekaa wima kwenye kiti kama ninayepigwa picha.

Ila wahusika wenyewe hawakuwepo. Mkeka ulikuwa mtupu. Walikuwa wametoka kabla kipindi hakijaanza, wote wanne, wamejikusanya kwenye baraza ya nyuma, jikoni, mahali ambapo mvua haiwafikii. Mume wangu aliita, "Njooni mjione! Haraka, wanawaonyesha!"

Kikaja kicheko kutoka nyuma, kisha sauti ya binti yangu: "Tunakuja!" Hawakuja.

Mama yangu akashika mikono ya kiti ili asimame akawalete. Watoto gani hawa, akasema, wanaonyeshwa kwa nchi nzima na hawataki kujiona.

Mume wangu, mtu wa Lindi, aliyelalamikia lugha yetu tangu siku aliyoshuka stendi ya Tukuyu, alimzuia mama mkwe wake kwa mkono, kwa heshima. "Waache, mama," alisema. "Wanakwangala."

Kisha akapunguza sauti ya televisheni, ili tuwasikie.